Sauti ya Koplo Wallace

Sisi tuliokwenda sinema ujanani tulikuwa na kanuni moja ambayo hakuna mwalimu aliyetufundisha: stelingi hafi. Ukishaijua kanuni hiyo, picha nzima unaitazama kwa moyo mtulivu. Hata stelingi akifungwa kamba, hata akitupwa mtoni, unajua ataibuka. Wanaokufa ni maadui, na kabla hajafa adui mkubwa ni lazima wafe kwanza wadogo zake, mmoja mmoja, wengine hata hawajapata nafasi ya kusema neno. Hao hatukuuliza majina yao. Tulipotoka nje na kuanza kuisimulia picha njiani, tuliwataja kwa maumbile tu: yule mwenye kovu, yule kipara, yule wa miraba minne.

Insha hii inamhusu yule wa miraba minne.

Jina lake ni Mario Brega. Alizaliwa Roma mwaka 1923 na akafa huko huko mwezi Julai 1994. Alikuwa pandikizi la mtu, mrefu, mnene, shingo imezama mabegani, na ndevu zilizomfanya aonekane mkali hata alipokuwa kimya. Katika muda wa miaka thelathini hivi alionekana katika filamu nyingi za Kiitaliano, na mara nyingi jina lake lilikuwa chini, pale ambapo watazamaji wamekwisha kuinuka vitini. Hakuwa stelingi. Nataka kueleza kwa nini mimi, mwalimu mstaafu niliyezoea kuandika maandalio ya masomo kuliko kuandika juu ya sinema, namfikiria mtu huyu kuliko ninavyowafikiria mastelingi wote niliopata kuwaona.

Nilimwona kwanza mwaka 1971, nilipokuwa mwanachuo wa ualimu Dar es Salaam. Jumamosi, tukishafua na kupiga pasi, wenye senti walipewa ruhusa kwenda mjini, na mjini maana yake ilikuwa sinema. Siku hizo picha za kauboi zilikuwa zikipendwa sana. Sisi tuliamini ni za Kimarekani, na hatukuwa na sababu ya kushuku: farasi, kofia pana, bastola, Kiingereza. Kumbe nyingi zilikuwa za Kiitaliano, na majangwa yale tuliyoyadhania ya Texas yalikuwa ya Hispania, sehemu za Almería.

Baadaye sana nilikuja kujua kwamba tulidanganywa kwa makusudi. Sergio Leone alipotoa Per un pugno di dollari mwaka 1964, yaani konzi moja ya dola, alijiandika Bob Robertson. Gian Maria Volonté aliandikwa John Wells. Na Mario Brega, mtoto wa Roma, akaandikwa Richard Stuyvesant. Watengenezaji waliogopa kwamba mtazamaji akijua kauboi anatoka Italia, atadai fedha yake.

Kwa hiyo Brega aliingia katika macho yetu akiwa na jina lisilo lake. Lakini hilo la jina ni dogo. Kubwa ni hili: aliingia pia na sauti isiyo yake.

Hapa yafaa nieleze kidogo namna filamu za Kiitaliano zilivyotengenezwa miaka ile. Mara nyingi sauti haikurekodiwa wakati wa kupiga picha. Waigizaji walikuja na lugha zao, huyu Kijerumani, yule Kiitaliano, mwingine Kihispania au Kiingereza, kila mmoja akasema maneno yake kwa lugha aliyoiweza. Kisha, katika chumba cha sauti, watu wengine walitazama midomo ile na kuipachikia maneno. Hata Clint Eastwood, Waitaliano walimsikia akisema kwa sauti ya mwenzao aitwaye Enrico Maria Salerno. Sisi tulioona nakala za Kiingereza tulisikia Kiingereza kikitoka katika kinywa cha Brega, nasi tukakubali. Hakuna aliyetwambia kwamba uso ni wa mtu mmoja na sauti ni ya mwingine.

Sasa tumtazame katika kazi yake. Katika filamu ile ya 1964 anaitwa Chico, mmoja wa watu wa ndugu wa Rojo. Kazi yake ni kupiga. Wanapomkamata stelingi na kumtesa, Chico yumo mstari wa mbele. Malipo yake ni pipa kubwa la mvinyo linaloviringishwa kutoka juu na kumponda. Mwaka uliofuata, katika Per qualche dollaro in più, anaitwa Niño, mmoja wa genge la El Indio. Ni mtu wa kutumwa. Hutekeleza bila kuuliza, na utii huo haumwokoi.

Mwaka 1966 ikaja ile ya watu watatu, mwema, mwovu na mwenye sura mbaya, Il buono, il brutto, il cattivo. Humo Brega ni Koplo Wallace katika kambi ya wafungwa wa vita. Ni katika kambi hiyo ndipo penye onyesho ambalo, kwa maoni yangu, ni kati ya maonyesho mazito kabisa ya Leone, nami nitakaa hapo kidogo.

Tuco, mfungwa, anaitwa kibandani kwa sajenti. Sajenti huyo ni Lee Van Cleef, yule mwovu, aliyejipachika ndani ya jeshi. Anamkaribisha chakula, na Tuco, kwa njaa yake, anakula. Wanazungumza kama marafiki. Kisha yanakuja maswali, na baada ya maswali anaitwa Wallace. Huko nje wafungwa wenzake Tuco wamepangwa na vyombo vyao vya muziki na kuamriwa wapige na waimbe, ili kilio cha ndani kisisikike. Wimbo ni mzuri, wa polepole, wa huzuni. Wanajua wanachokifunika. Wapo miongoni mwao wanaolia huku wakipiga.

Angalia sasa nani anafanya nini ndani ya kibanda. Sajenti ndiye anayetaka siri. Yeye anakaa na kuuliza. Wallace hataki siri yoyote. Hakuna atakachopata katika dhahabu ile. Yeye ni mkono tu. Brega anapiga kama mtu anayepasua kuni: anainua, anashusha, anapumzika akingoja neno la mkubwa, kisha anaendelea. Mwigizaji mdogo wa akili angeongeza kicheko au macho ya kichaa ili tumchukie zaidi. Brega anatupa uzito wa mwili wake na utii wake, basi.

Matokeo yake ni kwamba sisi, ndani ya ukumbi, tulimchukia Wallace kuliko sajenti. Lee Van Cleef tulimwogopa na kumheshimu; vijana waliiga hata mwendo wake. Wallace tulimtaka afe. Na alikufa. Tuco alipofungwa naye pingu moja ndani ya treni, akaruka nje akimvuta, akampigiza kichwa kwenye jiwe mpaka akatulia, ukumbi mzima ulisimama kwa shangwe. Kisha Tuco akaulaza mnyororo juu ya reli, mwenyewe akalala kando, na treni ikaja ikaukata. Eli Wallach, aliyemwigiza Tuco, alikuja kusimulia kwamba ngazi za chuma za mabehewa zilipita karibu mno na kichwa chake. Angeuinua kidogo tu, angekufa kweli. Watu wanaipenda habari hiyo, na mimi naipenda. Lakini ona: katika onyesho lile lile Brega ni maiti iliyoburutwa, na hakuna anayesimulia habari ya maiti.

Baada ya hapo alifungwa katika umbo lake. Yumo katika Il grande silenzio ya Sergio Corbucci mwaka 1968, yumo katika Il mio nome è Nessuno mwaka 1973, yumo katika nyingine nyingi ambazo ukiziondoa hakuna kitakachopungua duniani. Mtengenezaji akihitaji mtu wa kuvunja mlango, aliitwa Brega. Mwili wake ulikuwa umekwisha kuwa neno moja, na neno hilo lilikuwa kipigo. Mtazamaji alimwona na kujua yote kabla hajafanya lolote. Kwa mwenye fedha hiyo ni faida, maana inaokoa muda. Haina haja ya kueleza.

Mimi nami nilimwacha hapo. Nikamaliza chuo, nikapangiwa kazi, nikaoa, nikapanda vyeo mpaka nikawa mwalimu mkuu, na jina la Brega sikuwa nimelijua bado.

Mwaka 2014, nikiwa nimestaafu, binti yangu aliyefanya kazi ya uuguzi Roma alinialika nimtembelee. Jioni moja tulikuwa tumekaa mbele ya televisheni. Ilikuwa filamu ya zamani ya kuchekesha, na binti yangu alikuwa akinitafsiria. Akatokea mzee mmoja, baba wa kijana, amemkasirikia mwanawe. Nikasema, "Huyu mtu ninamjua."

"Unamjua wapi, Baba?"

"Huyu ni koplo. Alikufa kwenye reli."

Alicheka sana. Lakini alipotafuta jina, lilikuwa ndilo: Mario Brega. Filamu ni Un sacco bello ya mwaka 1980, ya kwanza ya Carlo Verdone, ambaye aliiongoza na kuigiza humo watu kadhaa. Siku zilizofuata tulizitafuta na nyingine mbili, Bianco, rosso e Verdone ya 1981 na Borotalco ya 1982. Katika jioni chache hizo nikawa nimemsikia kwa mara ya kwanza mtu niliyekuwa nimemtazama zaidi ya miaka arobaini iliyotangulia.

Sauti yenyewe ni nzito, imekwaruza, ya mtu wa mitaani Roma hasa. Binti yangu, ambaye alikuwa amekaa huko miaka, alisema si Kiitaliano cha vitabuni. Ni kile cha sokoni, kinachokata maneno nusu na kuyameza. Mimi sikuelewa neno, lakini nilielewa mtu. Sauti ile ilikuwa na mzaha, majivuno, uchungu na huruma vimechanganyika. Yote hayo yalikuwa ndani ya Koplo Wallace siku zote, na hakuna aliyeyahitaji.

Katika Un sacco bello yeye ni baba mfanyakazi, Mkomunisti wa kweli kweli. Mwanawe ameacha nyumba akajiunga na vijana wenye nywele ndefu wanaoishi kijumuiya. Baba anamkuta kwa bahati, anamchukua yeye na msichana wake mpaka nyumbani, na kumwitia watu wa kumshauri: kasisi, profesa, binamu, wote hao wakiigizwa na Verdone mwenyewe. Ushauri unashindikana. Katikati ya ugomvi msichana anamwita baba huyo Mfashisti. Brega anasimama kama aliyemwagiwa maji. Anatangaza kwamba yeye ni Mkomunisti, na kuonyesha ni Mkomunisti kiasi gani hatoshi na ngumi moja hewani, anainua mbili.

Waitaliano wanalicheka onyesho hilo mpaka leo. Mimi nililicheka pia, kisha nikawaza. Mwaka 1962, katika La marcia su Roma ya Dino Risi, mtu huyu huyu aliwekwa kati ya Wafashisti, kwa sababu ndivyo alivyofanana. Sasa, miaka kumi na minane baadaye, anasimama mbele ya msichana anayemwona kwa umbo lake na kufikia uamuzi ule ule. Tofauti ni kwamba safari hii amepewa nafasi ya kujibu. Kelele yake inachekesha, lakini chini yake pana mtu anayeumia kwa kutoeleweka nyumbani kwake mwenyewe. Anataka mwanawe arudi, na hana njia ya kulisema hilo ila kwa kufoka.

Katika Bianco, rosso e Verdone ni dereva wa lori. Kijana mpole, Mimmo, anampeleka bibi yake kutoka Verona hadi Roma kupiga kura. Bibi ameigizwa na Elena Fabrizi, mama mwenye mgahawa ambaye Roma nzima ilimwita Sora Lella. Bibi ni mgonjwa, anahitaji sindano, na mjukuu anatetemeka hawezi. Dereva yule, mwenye mikono kama makoleo, anajitolea. Anamdunga bibi kwa wepesi hata bibi mwenyewe anashangaa. Naye dereva anaeleza, kwa majivuno, kwamba mkono wake unaweza kuwa chuma na unaweza kuwa unyoya, na siku ile ulikuwa unyoya.

Sijui kama Verdone alimkusudia Koplo Wallace alipoandika hayo, lakini kwangu ni jibu kamili. Ni mkono ule ule. Leone aliuona upande mmoja, akautumia vizuri. Verdone aliuliza upande wa pili una nini.

Katika Borotalco ni baba mkwe mtarajiwa anayemlisha kijana zeituni kwa nguvu, na hata ukarimu wake unatisha. Hapo naona kasoro, na mhakiki asiyetaja kasoro ni mpiga debe. Brega hakuwa mwigizaji wa kila kitu. Hata kwa Verdone alibaki mtu mkubwa mwenye kufoka, na mara nyingine tunacheka kwa sababu tu tunangoja apige. Usingempa nafasi ya hakimu au daktari ukatarajia akugeukie mtu mwingine. Alikuwa na wimbo mmoja. Ninachosema mimi ni kwamba kwa miaka ishirini walimpigisha mdundo tu wa wimbo huo, na wengi wetu tukadhani hakuna zaidi.

Wala sitaki kumfanya Leone kuwa mkosaji. Ni yeye aliyemsaidia Verdone kuanza, na filamu ile ya 1981 aliitoa yeye. Kwa hiyo mlango aliokuwa ameufunga, alisaidia kuufungua. Na katika kazi yake ya mwisho, C'era una volta in America ya mwaka 1984, alimwita tena Brega, akampa jambazi mdogo mwanzoni mwa filamu. Mazoea hayaishi.

Nimesema nitaeleza kwa nini namfikiria mtu huyu. Nimefika hapo, na si rahisi.

Mwaka 1986 nilikuwa mwalimu mkuu wa shule ya msingi ambayo sitaitaja. Darasa la saba alikuwamo kijana mkubwa kuliko wenzake, kwa kuwa alichelewa kuanza shule. Umri wake ulikaribia miaka kumi na sita, mabega ya mtu mzima, uso usiocheka. Asubuhi moja mtoto wa darasa la tatu aliletwa ofisini mdomo umepasuka. Walisema kulikuwa na ugomvi nyuma ya vyoo na kijana yule alionekana pale. Nilimwita. Nilimtazama. Alifungua mdomo kuanza kusema, nikamwambia anyamaze. Nikamwagiza mwalimu wa zamu amchape fimbo nne mbele ya mstari, na mimi nikasimama pembeni mikono nyuma, nguo safi. Watoto mia kadhaa walitazama kimya. Hakulia, nasi walimu tukasemezana kwamba kutolia kwake ni dalili ya ujambazi.

Siku mbili baadaye mama wa yule mtoto mdogo alikuja kushukuru. Alitaka kumwona kijana aliyewatenganisha wapiganaji na kumbeba mwanawe mpaka bombani kumwosha damu. Nilituma mtu kumwita darasani. Hakuwepo. Hakurudi tena, siku ile wala nyingine. Mtihani wa kumaliza hakuufanya. Nilikwenda kwao mara moja. Bibi yake akaniambia ameondoka kutafuta kazi, na akanikaribisha chai kwa adabu. Sikumweleza kilichonipeleka.

Nilikuwa nimeona picha nyingi za kauboi. Nilijua nani ni adui mara anapoingia mlangoni.

Ndiyo maana, jioni ile Roma, wakati binti yangu anacheka na mimi nikamsikia koplo anasema kwa sauti yake mwenyewe, nilinyamaza kwa muda hata akaniuliza kama naumwa. Nilimjibu siumwi. Tukaendelea kutazama.

Kama yule kijana yu hai, atakuwa mtu wa miaka hamsini na ushei, pengine ana wajukuu. Nimechapisha kitabu hiki kwa pensheni yangu, nakala chache, na nyingi zitaishia kwa ndugu na walimu wenzangu. Lakini vitabu hutembea. Kikimfikia, ajue kwamba siku ile naikumbuka, na kwamba neno alilotaka kulisema ofisini kwangu bado nalingoja.